Bi Kidude kama alivyotaka aonekane: uhakiki wa filamu "As Old as My Tongue"

Katika filamu za hali halisi mhusika hutajwa kwa jina lake mwenyewe, na watazamaji wengi huchukulia kwamba mtu wa aina hiyo haigizi chochote, kwamba kamera imemkuta tu katika maisha yake ya kila siku ikamnasa. Filamu ya "As Old as My Tongue", iliyoongozwa na Mwingereza Andy Jones na kutolewa mwaka 2006, ni mahali pazuri pa kuipima dhana hiyo, kwa sababu mhusika wake mkuu ni Fatuma binti Baraka, yaani Bi Kidude wa Unguja, mwanamke aliyekuwa amezoea kusimama mbele ya hadhira miaka mingi kabla mwongozaji huyo hajazaliwa. Nimeitazama mara nne sasa, mbili peke yangu na mbili pamoja na shangazi yangu aliyekulia Ng'ambo, mtaa wa mji wa Unguja ulio nje ya Mji Mkongwe, na maoni yangu ni kwamba filamu hii inapendeza mno pale inapokubali kuongozwa na bibi mwenyewe, na inapwaya pale inapotaka kumwongoza.

Kwa vijana wanaomjua Bi Kidude kupitia vipande vifupi vya video vinavyorushwa kwenye simu, inafaa kueleza kwanza alikuwa nani. Alizaliwa katika kijiji cha Mfagimaringo, Unguja, akiwa binti wa muuza nazi. Jina la Kidude alipewa utotoni kwa udogo wa umbo lake, na udogo huo ulidumu naye hata ukubwani. Kwa masimulizi yake mwenyewe, alitoroka chuo cha Kurani akiwa bado mtoto, akatoroka tena alipotakiwa kuolewa na mtu asiyemtaka, akavuka bahari hadi Bara na kutembea huko bila viatu, akiimba na vikundi vya taarabu na kupiga ngoma, hadi alipokuja kurejea Unguja katika miaka ya 1940 na kununua kijumba cha udongo. Aliolewa mara mbili, ndoa zote mbili zikavunjika, naye hakujaliwa mtoto. Riziki yake aliipata kwa kupaka hina maharusi, kutengeneza wanja, kutoa dawa za mitishamba, na kwa kazi ya ukungwi katika unyago, yaani mafunzo ya wasichana wanaoingia utu uzima. Umaarufu wa nje ulimjia uzeeni, alipoanza kusafiri na kikundi cha Twinkling Stars katika miaka ya 1980 na baadaye na Culture Musical Club, kile kikundi cha taarabu ambacho wenyeji wanakiita Mila na Utamaduni. Mwaka 2005, mwaka mmoja kabla ya filamu kutoka, alitunukiwa tuzo ya WOMEX, maonyesho ya kimataifa ya muziki wa dunia, mjini Newcastle, Uingereza, kwa mchango wa maisha yake yote katika muziki.

Naona kwamba asiyejua maana ya ukungwi hataielewa vizuri filamu hii. Kungwi ni mwanamke anayemfunza mwari, yaani msichana aliyevunja ungo, mambo ya mwili wake, ya ndoa na ya kuishi na watu, na kazi hiyo ina sharti mbili zinazokwenda pamoja: ndani ya chumba kila kitu kinasemwa bila haya, kwa nyimbo, kwa ngoma na kwa viungo vya mwili, na nje ya chumba mdomo unafungwa. Mtu aliyefanya kazi hiyo kwa miongo mingi anajua kwa uhakika ni kipi cha kuonyesha, ni kipi cha kudokeza na ni kipi cha kufunika. Ndiyo maana sikubaliani na wale wanaosema kwamba Bi Kidude mbele ya kamera alikuwa mzee tu anayejiachia. Visa vya maisha yake hakuwa akivisimulia kwa namna moja kila siku. Safari moja iliweza kurefuka au kufupika, mwaka ukasogea mbele au nyuma, kwa kadiri ya aliyeketi mbele yake. Huo si uongo wala si usahaulifu wa uzee. Ni msanii anayetunga utendi wake kwa mdomo, na anayeijua hadhira yake kabla haijakaa vizuri.

Sehemu bora ya filamu, kwangu mimi, ni zile zenye ngoma. Msondo ni ngoma ndefu, nyembamba, na Bi Kidude haipigi akiwa ameiweka kando. Anaikalia kama mtu aliyepanda punda, anaifunga kiunoni kwa kanga, anaukaza mfundo, kisha anaanza kwa viganja vyote viwili, mgongo umenyooka, kidevu kimeinuliwa, macho hayaitazami ngoma hata mara moja. Ukitazama mikono tu utadhani ni ya mtu wa miaka thelathini. Ukitazama uso utaona jambo jingine, nalo ndilo lililonifanya niirudie filamu hii: uso umetulia kabisa, kama wa mtu anayesubiri chungu kichemke, huku mwili kuanzia kifuani kwenda chini ukifanya kazi ngumu. Shangazi aliponyanyuka kutoka kwenye kiti na kusogea karibu na televisheni, nilifikiri haoni vizuri. Kumbe alitaka kuona mfundo. "Mwanangu, angalia kanga inavyokaa," akaniambia, "huyu hafungi ngoma, anajifunga kibwebwe."

Na hapo hapo likatokea jambo ambalo hakuna mwongozaji yeyote angeweza kuliweka katika filamu yake. Mpwa wangu wa kiume, kijana wa miaka kumi na minne, alikuwa ameketi nasi. Ngoma ya unyago ilipoanza kukolea, shangazi alimtazama akamwambia kwa upole, "Baba, nenda barazani kidogo, haya ni ya wanawake." Kijana akatoka. Nilimkumbusha shangazi kwamba filamu hii imeonyeshwa kwenye majumba ya sinema ya watu wasiomjua mwari wala kungwi, na kwamba Bi Kidude mwenyewe aliipeleka ngoma hiyo jukwaani mbele ya wanaume na wanawake, Ngome Kongwe na hata Ulaya. Akanijibu kwamba analijua hilo, na kwamba kina mama wengi mjini walilalamika, lakini yaliyopelekwa jukwaani ni mdundo na kiuno. Maneno na maana yake walibaki nayo wenyewe. Jibu hilo lilinifungua macho. Tangu hapo naitazama filamu nikijua kwamba hata pale inapoonekana kuingia ndani kabisa, bado imesimama ukumbini, kwa sababu mwenye nyumba ndiye aliyeamua igote wapi.

Suala la umri linahitaji kusemwa kwa kirefu, kwa kuwa filamu imelipa uzito hadi kwenye jina lake. Jina hilo limetokana na msemo wa Kiingereza wa mtu asiyetaka kutaja miaka yake: anajibu kwamba umri wake ni sawa na wa ulimi wake na ameyazidi meno yake kidogo. Ni msemo mzuri, lakini si wa Unguja, na ningekuwa mimi ndiye mwenye kuchagua ningelitafuta jina katika kauli ambayo Bi Kidude mwenyewe aliwarudia waandishi wengi, kwamba yeye alizaliwa zama za rupia. Kauli hiyo ina ujanja unaostahili kutazamwa kwa makini. Anayeisikia bila kuijua historia hudhani ametajiwa mwaka, na tarehe ya 1910 inayonukuliwa kila mahali ni makadirio tu yaliyojengwa juu ya kauli za namna hiyo. Lakini rupia ilitumika Zanzibar hadi mwanzoni mwa mwaka 1936, ilipochukuliwa nafasi na shilingi ya Afrika Mashariki, kwa hiyo hata mtoto aliyetumwa dukani kununua mafuta ya taa mwaka 1935 naye aliishika rupia mkononi. Bi Kidude hakudanganya, wala hakutaja umri wake. Alitoa jibu la kweli ambalo linamwacha muulizaji afanye hesabu mwenyewe, na kila aliyefanya hesabu alipata mzee zaidi ya mwenzake. Filamu inafurahia fumbo hili, na inafanya vizuri kutolifumbua, ingawa nilitamani ilipatie msingi wake wa kihistoria badala ya kuliacha likae kama maajabu.

Sauti yake nayo ni suala la historia. Bi Kidude alijifunza kwa kumsikiliza Siti binti Saad, yule mwana wa Fumba aliyeingia mjini akiwa mtu wa hali ya chini, akarekodi santuri Bombay mwaka 1928 na kufariki mwaka 1950, na ambaye Shaaban Robert alimwandikia wasifu. Siti aliimba katika enzi ambayo mwimbaji alitakiwa aijaze nyumba kwa pumzi yake mwenyewe, bila kipaza sauti, na ukimsikia Bi Kidude utaielewa shule hiyo ilikuwa ya namna gani. Hapambi sauti. Anaitoa kifuani, kavu, yenye mikwaruzo, na anaiacha isimame juu ya kanuni (ile ala ya nyuzi nyingi), fidla na akordioni kama nguzo ya mvule. Nyimbo alizorithi kwa Siti, kama ule wa "Kijiti" unaohusu mwanamke aliyeuawa na kesi iliyowaadhibu mashahidi badala ya muuaji, hazikutungwa ziwe burudani tu. Zilikuwa habari za mji, zikiimbwa na wanawake wa Ng'ambo ambao hawakuwa na gazeti wala wakili. Sisi tuliozaliwa baadaye tunamjua Siti kwa santuri zenye kelele, picha chache na kitabu. Kwa Bi Kidude tunayo mikono, macho, namna ya kuketi na namna ya kucheka, na kwa hilo peke yake mtu anayejali taarabu anapaswa kumshukuru aliyebeba kamera.

Sasa nieleze kasoro, na iliyo kubwa ni ya lugha. Filamu imetengenezwa kwa ajili ya mtazamaji asiyejua Kiswahili, na maandishi ya Kiingereza yanayopita chini ya picha yanampa mtazamaji huyo maana ya sentensi bila kumpa uzito wake. Taarabu na unyago ni sanaa za mafumbo; neno linatupwa ukumbini likiwa limevaa nguo ya heshima, na anayelengwa peke yake ndiye anayehisi mwiba. Mwanamke anapoinuka kwenda kumtunza mwimbaji, hatoi pesa kwa sababu ameupenda wimbo tu, huenda anamwambia jirani aliyeketi nyuma yake, "Umesikia?" Hayo hayatafsiriki kwa mstari mmoja wa maneno saba, nami siwalaumu watafsiri kwa kushindwa jambo ambalo hata sisi wenyewe tunahitaji nusu saa kulieleza. Ninachodai ni kwamba kazi iliyotegemea kinywa cha Mswahili kwa kiasi hiki ingestahili toleo lenye maelezo ya Kiswahili pia, ili mtoto wa Mbeya, wa Kisumu au wa Bukavu, anayeijua lugha lakini haijui Zanzibar, aelezwe kungwi ni nani, somo ni nani, na kwa nini watu wazima wanacheka pale ambapo yeye haoni cha kuchekesha.

Kasoro ya pili ni ya jicho. Kama waandishi wengi wa kigeni waliofika kwa Bi Kidude, filamu imevutiwa mno na sigara na bia, na imevutiwa kwa sababu aliyezishika ni bibi kizee Mwislamu. Ni kweli kwamba alivuta na alikunywa, na hakumficha mtu. Unguja nzima ilijua. Lakini kinachomshangaza mgeni sicho kinachomshangaza mwenyeji. Shangazi aliipita sigara kama anavyopita mtu aliyevaa kofia. Alichokuwa akikitafuta ni kitu kingine: namna Bi Kidude anavyosaga wanja, anachanganya nini na nini, anamshikaje mtoto mgonjwa wa tumbo, anamwambia nini bi harusi mwenye hofu wakati hina inakauka miguuni. Hizo ndizo kazi zilizomweka mjini kwa heshima kabla jukwaa la Ulaya halijamtambua, na ningetamani zipewe muda mrefu zaidi, hata kama ingebidi kipande kimoja cha safari za ndege kikatwe. Ninakubali kwamba safari zenyewe zina jambo la kufundisha, kwa maana zinamwonyesha mwanamke mdogo wa umbo akiingia katika kumbi ambazo hakuna anayeijua lugha yake na kuzimiliki kwa sauti ileile aliyoitumia harusini Raha Leo, mtaani Unguja. Hata hivyo, kumbi za nje zinafanana. Raha Leo iko moja tu.

Kuhusu ubora wa nakala, naandika kwa anayetaka kuinunua. Ya kwanza niliipata katika kiduka kimoja cha Mji Mkongwe, nikauziwa kama halisi, na nilipofika nyumbani nikakuta ni nakala ya kurudufu: picha inakwama kila baada ya dakika chache, na sauti inachelewa nyuma ya midomo, jambo ambalo kwa filamu ya muziki ni sawa na kuuziwa embe lililooza ndani. Niliporudi, muuzaji alisema mashine yangu ndiyo mbovu. Nakala halisi niliipata baadaye kupitia rafiki aliyetoka safari, na tofauti yake ni kubwa. Picha si kali kwa viwango vya leo, kwa kuwa ni kazi ya miaka ya 2000 katikati na baadhi ya vipande vimechukuliwa ndani ya vyumba vyenye taa hafifu, lakini sauti imetunzwa vizuri, na kwa filamu hii sauti ndiyo mali. Usiitazame kwa spika ya simu. Mlio wa chini wa msondo unapotea kabisa, na kinachobaki ni kugongagonga tu, kama mtu anayebisha hodi kwenye bati. Tafuta spika yenye besi, au angalau vipokea sauti vya masikioni vilivyo vizima, ndipo utakapojua kwa nini wanawake waliosimama karibu naye hawawezi kutulia.

Jambo jingine la kumjulisha mnunuzi ni kwamba hadithi haikuishia hapo. Mwaka 2012 zilienea habari kwamba Bi Kidude amechukuliwa na jamaa yake na amezuiliwa asiimbe, na Andy Jones akarejea Zanzibar kutafuta ukweli wake. Kazi iliyotokana na safari hiyo ni filamu ya pili, "I Shot Bi Kidude", iliyotolewa mwaka 2016, baada ya bibi kufariki tarehe 17 Aprili 2013. Ni filamu ya namna nyingine kabisa. Ya kwanza inamwonyesha mtu anayeamua mwenyewe ni nini kionekane. Ya pili inamwonyesha mtu ambaye wengine wanagombania nani amtunze, nani amsemee na nani anafaidika na jina lake, naye nguvu za kuwanyamazisha kwa wimbo mmoja hana tena. Jina lake la Kiingereza linacheza na neno moja lenye maana mbili, kupiga picha na kupiga risasi, na mwongozaji anastahili sifa kwa kukubali kujiuliza hadharani kama yeye naye ni miongoni mwa waliochukua. Ni kazi ya kweli, na inauma.

Nashauri zitazamwe kwa mpangilio wa kutoka kwake, na zisitazamwe siku moja. Mimi nilikosea nikaziunganisha. Shangazi hakuimaliza ya pili. Ilipofika nusu alisema hataki kumkumbuka Bi Kidude akiwa amelala, akaomba nimrudishie ile ya kwanza, pale kwenye msondo. Nikabadilisha diski. Mpwa wangu alipoona kanga inafungwa kiunoni, alisimama akaelekea barazani bila kuambiwa.